Palermo: bandama, mafuta ya kitimoto na mtembezaji asiyependa kuulizwa

Mtu unamlipa akulishe vyakula visivyo na nguruwe, kisha anakushika mkono mpaka mbele ya sufuria ya mafuta ya nguruwe. Huyo anaitwaje? Nimelitafuta jina la heshima nimelikosa, kwa hiyo nitamwita mtembezaji tu, na kampuni yake naiacha bila jina.

Tulikuwa mimi na shangazi yangu, majira ya joto. Shangazi alitoka Unguja kuja kunitembelea huku Ulaya, na hamu yake ilikuwa kuuona Palermo, mji wa kisiwa cha Sisilia, Italia, ambao Waislamu waliushika mwaka 831 mpaka Wanormani wakawapokonya mwaka 1072. Hamu yangu mimi ilikuwa kula. Nikalipia matembezi ya kuonja vyakula vya mtaani. Kabla sijatoa hata senti niliwaandikia: sisi Waislamu, hatuli nguruwe, hatunywi pombe, mnatuweza? Wakanijibu upesi, "Hakuna tatizo!" na vikatuni vya kutabasamu vitatu mstari mmoja. Ujumbe huo ninao kwenye simu mpaka leo. (Mambo ya nyama kuchinjwa au kutochinjwa siyafungui hapa. Shangazi ng'ambo anakula samaki na mboga, basi. Mimi kwa ng'ombe wa Watu wa Kitabu huwa nalegeza. Kila mtu na shekhe wake.)

Haya, nitoe haki kwanza nisije nikaambiwa nina chuki. Asubuhi ilianza vizuri. Pale sokoni Ballarò tulipewa panelle. Unga wa dengu unasongwa na maji motoni mpaka unashikana, unatiwa majani yaliyokatwakatwa, unatandazwa mwembamba, ukishapoa unakatwa vipande na kutoswa kwenye mafuta ya moto. Vipande vinapangwa ndani ya mkate laini wenye ufuta, ndimu inakamuliwa juu, unakula umesimama na makombo yanakudondokea kifuani. Shangazi alitafuna, akanyamaza, akatafuna tena.

"Mwanangu, hii si badia hii? Wameilaza tu."

Akataka nyingine. Huyu ni mtu anayesafiri na chupa yake ya pilipili mkobani, na mimi kumsikia akisifu chakula cha watu ni mara moja moja. Hiyo panelle peke yake, kama matembezi yangeishia pale, ningewapa nyota zote na ya ziada.

Baadaye ikapita bajaji ya sfincione. Bajaji kwelikweli, Piaggio za kwao wenyewe, nyuma imewekwa kabati la vioo na kipaza sauti kinapiga kelele ya muuzaji iliyorekodiwa. Sfincione ni mkate mnene, laini, juu una nyanya, samaki wadogo wa chumvi, jibini ya caciocavallo, chenga za mkate, na vitunguu. Vitunguu vingi. Ibn Hawqal, yule msafiri aliyefika Palermo karne ya 10 akaandika kuwa mji una misikiti mamia, aliwasema vibaya wenyeji kwa kula vitunguu vibichi, eti vimewaharibu akili. Nilipomsoma nilimwona amezidisha. Ilipofika saa sita mchana nilikuwa upande wake.

Sasa tufike kwenye sufuria.

Pani ca' meusa ndicho chakula ambacho kila mtu atakwambia usiondoke Palermo bila kukionja. Ni bandama na mapafu ya ndama, vinachemshwa, vinakatwa vyembamba, kisha vinapitishwa kwenye mafuta moto na kujazwa ndani ya mkate. Unakula hivyo hivyo na ndimu, au unaongezewa ricotta (jibini laini, jeupe) na jibini ya kawaida. Sufuria yenyewe pana, imelazwa upande. Nyama imeegemea juu, chini mafuta meupe yanayeyuka polepole.

Mtembezaji alisimama mbele ya kibanda akatupa historia, na historia yenyewe aliisimulia vizuri, hilo silikatai. Alisema wenyeji husimulia kwamba chakula hiki kiliasisiwa na wachinjaji wa Kiyahudi. Dini yao haikuwaruhusu kupokea pesa kwa kuchinja, wakawa wanachukua matumbo na viungo vya ndani kama ujira, wakavipika na kuviuza. Wayahudi wenyewe walifukuzwa Sisilia kwa amri ya mwaka 1492, chakula kikabaki. Watu wakaitikia kwa vichwa, simu juu, picha zinapigwa. Na mimi nimeshanyoosha mkono kupokea mkate wangu.

Ila jicho langu likaenda kwenye yale mafuta.

"Hayo mafuta ni ya nini?" nikamuuliza.

"Ya kukaangia," akasema, akawageukia wenzetu kuchekesha.

"Ya mnyama gani?"

"Signora, haya ni mapishi ya bibi zetu. Umekuja Palermo kula au umekuja kuhoji?"

Wakacheka. Wawili watatu, si wote, lakini walicheka. Uso ulinichemka. Shangazi haelewi lugha iliyokuwa inazungumzwa, ila sauti ya dharau haihitaji mkalimani, akanivuta mkono, "Basi mwanangu, tuondoke." Nikasema siondoki, hapa nimelipia.

Aliyeniokoa ni mwenye kibanda. Mzee, uma mrefu mkononi, jasho linamtiririka. Alikuwa amesikia, na akaiona mitandio yetu. Akauweka uma chini, akajisukuma pua kwa kidole ikapinda juu, akakoroma mara moja, akatikisa kichwa, "No, signora, no." Sikuhitaji kamusi. Kitimoto kilichoyeyushwa. Mzee akautwaa ule mkate kutoka kwa mtembezaji, akakata mwingine mpya, akautia ricotta na jibini tupu na ndimu, akampa shangazi, na senti zangu akazisukuma zirudi.

Na mtembezaji je? Aliona haya? Alimgombeza mzee! Kisha akanigeukia na maneno ambayo nitayakumbuka mpaka siku ya kufa: mafuta yakishayeyuka, nguruwe hayumo tena ndani. Yaani dakika chache zilizopita umetusimulia habari za watu ambao nguruwe kwao haramu kama kwetu, umetumia historia yao kuuza mkate, halafu mimi nikikuuliza mafuta unaniona mkorofi? Wale wachinjaji unadhani walikaangia nini?

Akajaribu kuniridhisha kwa arancina. Hiyo ni duara kubwa la wali wenye zafarani, limevingirishwa kwenye chenga za mkate na kukaangwa. Tarehe 13 Desemba, siku ya Santa Lucia, watu wa Palermo huacha mkate na pasta wakazila hizo kwa wingi. "Hii ni al burro," akasema, "siagi tu." Nikaipasua kwa vidole. Siagi ilikuwamo, kweli. Na vipande vya rangi ya waridi vya paja la nguruwe vilikuwamo. Mtu yeyote aliyezaliwa mji ule anajua arancina ya "siagi" ina nini ndani. Hapo ndipo nilipojua kwamba si kusahau.

Kwa hiyo anayekwenda, jifunze maneno mawili, strutto na sugna. Yote ni mafuta ya nguruwe, na muuzaji mwenyewe ukimuuliza kwa adabu atakwambia ukweli. Tulichouliza kote hatukudanganywa na muuzaji hata mmoja. Cannolo, kile kitamutamu chenye ganda la kukaanga na ricotta ndani, uliza ganda: mapishi ya zamani yanatia strutto na mvinyo wa Marsala kwenye unga, na kukaangia strutto pia. Ukipewa glasi ya maji baridi yaliyogeuka maziwa ukaambiwa ni acqua e zammù, "maji na anisi", ujue yale matone ni kileo. Mtembezaji alituambia ni maji. Bila shaka.

Nilikuwa nimeandika hapa kwamba msiende Palermo kabisa. Nimefuta. Jioni ile tulitoka wenyewe, bila mtembezaji, bila bendera ya kufuata, na ikawa siku nyingine. Caponata, bilingani zilizotiwa siki na sukari mpaka huelewi ni mchuzi au achari. Pasta con le sarde, yenye samaki, shamari ya porini, zabibu kavu na zafarani, chakula ambacho kikiwekwa kwenye sinia Unguja hakuna atakayeuliza kimetoka wapi. Na gelo di mellone, tikiti maji lililokamuliwa, likapikwa na wanga mpaka likaganda, lenye mdalasini, pistachio juu, na harufu ya asumini. Shangazi alikinusa kabla hajala. "Asumini kwenye tikiti, na sisi tunazivaa tu kichwani!" Alikula chake, akala na changu, na mimi kwa hasira zangu wala sikuona kilipokwisha.

Basi mji nyota tano. Matembezi, nilifikiria nyota mbili kwa sababu ya panelle, lakini panelle si yake, ni ya yule mama aliyezikaanga. Moja, basi. Moja kwa sababu sifuri haikubaliki.

Niliwaandikia kuomba pesa zangu, nikaambatisha na ule ujumbe wa "Hakuna tatizo!" Jibu lilichelewa, ila lilikuja, na vikatuni vile vile. Wanasikitika sana kwa usumbufu. Pesa hawarudishi, lakini kwa kuonyesha wanavyonithamini wamenipa vocha ya watu wawili: safari ya kuonja mvinyo, Marsala. Shangazi anasema nisiwajibu. Nitawajibu.