Daftari la kugeuza saa: nimelitumia msimu mmoja wa karafuu hapa Wete

Kwanza niwatoe shaka: hili si la mganga. Najua mtu akisikia Pemba, kisha akasikia kitabu cha ajabu, akili inakimbilia kwenye chetezo na ubani. Mimi nimelinunua dukani kwa Sh 85,000, limefungwa kwa nailoni, kwa muuzaji ambaye simtaji kwa kuwa bado namdai maelezo. Ni daftari refu kama yale ya madeni, jalada la ngozi, kila ukurasa umegawiwa mara mbili: kushoto Kuingia, kulia Kutoka. Kushoto unaandika jambo, siku na saa. Wino ukikauka, jambo limekuwa kama ulivyoandika, hata kama jana lilikuwa vingine. Kulia huandiki wewe. Kulia hujiandika.

Kwa mambo madogo linafaa mno. Niliachwa na boti pale Mkoani, nikaandika kuwa niliiwahi, na mara nikajikuta nimekaa kitini, tiketi mkononi, bahari pande zote. Upande wa Kutoka ukasomeka: "Chai ya asubuhi, haikunywewa." Njaa ilinisindikiza mpaka Unguja, lakini nilifika.

Balaa lilikuja kwenye karafuu. Nilikuwa na majamvi sita uani, zimeshakula jua siku tatu, bado moja tu zikauke barabara. Ijumaa jioni uvivu ukanishika, nikazifunika turubai nikalala. Saa mbili usiku ikashuka mvua, si ya manyunyu. Karafuu iliyokaribia kukauka ikirowa huvimba na kupauka, na ukiifikisha kituoni kuiuza unaipeleka daraja la tatu, kama hukurudishwa nayo nyumbani. Asubuhi nikafungua daftari, nikaandika: "Usiku wa Ijumaa, saa mbili: nilianua karafuu zote nikazitia ndani."

Wino ukakauka. Nikatoka mbio uani. Maji yanachuruzika kwenye majamvi vilevile.

Bado nashangaa, akabisha hodi ami yangu. "Mwanangu, tuliagana uje usiku wa Ijumaa. Nimekungoja mpaka taa imenishinda. Kulikoni?" Nikataka kucheka, maana nilikwenda! Alhamisi baada ya isha nilikuwa barazani kwake, akakubali kunikopesha ujira wa wachumaji, akanihesabia fedha noti kwa noti. Nikapapasa mfuko. Mtupu.

Hapo ndipo nilipofahamu. Daftari linahesabu siku kama ami, halihesabu kama simu yangu. Kwa wazee wetu siku huanza jua likizama, kwa hiyo usiku wa Ijumaa ni ule wa Alhamisi kuamkia Ijumaa. Likanitoa barazani kwa ami, likanirudisha uani kuanua karafuu usiku ambao hata wingu halikuwapo, na kesho yake nikazitandaza upya zikanyeshewe. Mkopo ukapotea, karafuu zikarowa. Jambo hili halimo kwenye karatasi ya maelezo, na ndilo lililoondoa nyota ya kwanza. (Saa, haki yake, inazifuata zetu: ukiandika saa mbili asubuhi halikutupi usiku wa manane.)

Nikaandika tena, safari hii "Ijumaa kuamkia Jumamosi", ila kwa hasira sikuandika kuanua. Niliandika mvua haikunyesha. Kufumba na kufumbua karafuu kavu, ukiivunja moja inakatika kwa mlio. Nikashangilia kabla sijatazama kulia: "Mvua, imehamishiwa Jumatatu, baada ya adhuhuri." Jumatatu hiyo zangu zilikuwa zimo kwenye magunia. Jirani yangu ndiye aliyekuwa ametandaza, majamvi matano. Nilitoka kumsaidia kuanua, tukaokoa mawili. Akanishukuru sana. Maneno yake yalinikaa kooni, na hapo nyota ya pili ikaenda.

Shemeji yangu wa Unguja alipopata habari, akaniganda niandike kwamba kimbunga cha Aprili 1872 hakikupiga, mikarafuu ya kwao iliyong'oka isimame tena. Nimekataa. Kimbunga kile kiliangusha mashamba ya Unguja na kuiacha Pemba karibu salama, na baada yake kisiwa chetu ndicho kikawa cha karafuu. Mpemba gani atatia wino hapo? Na kama mvua ya usiku mmoja ilikwenda kumwangukia jirani, kimbunga kizima kingehamishiwa wapi? Shemeji amenuna. Nimempelekea karafuu kidogo za pilau.

Nyota tatu basi, kati ya tano. Wino wake ni mzuri, hauchafui vidole, na ngozi haijapata ukungu hata kwa unyevu wa huku. Atakayelinunua aandike jina la siku zote mbili, ule usiku na ile asubuhi yake, wala asiguse mvua. Kurasa zilikuwa 40, zangu zimebaki 11, na muuzaji anasema hazijazwi. Mkopo wa ami sikuurudishia humo. Nilikwenda barazani kwake Alhamisi iliyofuata, nikamwomba upya, akanihesabia tena, pungufu kidogo ya mara ya kwanza.

Penseli haiamshi kitu, nimejaribu. Kwa hiyo kurasa za mwisho naandikia pishi za wachumaji.