Uzoefu wangu na The Battle for Wesnoth: nilichora mto wa uchawi, mdogo wangu akaugeuza makaburi

Jamani kwanza niseme mimi sio mtu wa magemu kihivyo, zile za kukimbizana na bunduki zinanipa kizunguzungu, ila hii The Battle for Wesnoth nimeicheza miezi kadhaa sasa na leo nimeona niandike maana kila nikimwelezea mtu ananiangalia kwa huruma, mtu mzima mzima unakesha unapigania mto ambao haupo.

Ni gemu ya vita vya kupokezana zamu. Unasogeza askari wako wote, ukimaliza mwenzio naye anasogeza wake, na ramani imegawanywa vijumba vya pembe sita kama sega la nyuki. Ni ya bure, aliianzisha David White mwaka 2003 na mpaka leo watu wa kujitolea wanaiendeleza, mimi natumia toleo la 1.18 lililotoka 2024. Picha zake za kizamani, ukija unategemea sinema utanuna. Ila laptopu yangu hii chakavu inaiendesha bila kuhema, na mkiwa wawili mnacheza kwenye mashine moja bila intaneti kabisa.

Hadithi ilizokuja nazo ni nzuri lakini leo siziongelei. Kilichoniteka ni kile kifaa cha kuchora ramani yako mwenyewe. Nikamwambia mdogo wangu ngoja tutengeneze vita yetu, mataifa mawili, katikati mto wa uchawi, maji yake yanaponya majeruhi. Mimi nikachukua kundi la Loyalists, wengi wao binadamu, nikaliita Milki ya Asubuhi, yeye akachukua Northerners, lile la maorki na matroli, yale majitu ya hadithini, nikamuuliza taifa lako linaitwaje akasema Giza Tupu. Sawa baba.

Sasa uchawi wa mto niliupata hivi: kwenye gemu kuna vijiji vya chini ya maji, makazi ya nguva. Kama kijiji chochote kile, askari akianza zamu yake pale anarudishiwa uhai pointi 8, au kama kalishwa sumu anatolewa sumu, na kwa mipangilio ya kawaida mkicheza wenyewe kwa wenyewe kila kijiji kinakuingizia dhahabu 2 kila zamu. Kwahiyo mto unaponya na mto unalipa. Hapo hamna haja ya kutunga sababu ya vita, sababu ndo hiyo imelala katikati ya ramani. Nikaweka vitano, madaraja mawili, upana wa mto vijumba viwili. Nikajiona fundi.

Vita ya kwanza nilichinjwa. Sio kupigwa, kuchinjwa. Nilichosahau ni kwamba binadamu anatumia hatua 3 kuingia kijumba kimoja cha maji ya kina kifupi na askari wangu wa mkuki ana hatua 5 tu, maana yake mto wa vijumba viwili havuki kwa zamu moja, lazima alale majini. Na majini binadamu ana asilimia 20 tu ya kukwepa, yaani kila panga linalomjia lina asilimia 80 za kumpata. Mimi nimeingiza kikosi kizima saa za alasiri kwa mbwembwe zote, kufumba na kufumbua usiku umeingia. Na usiku kwenye hii gemu sio pambo, watu wa giza wanaongezewa nguvu asilimia 25 na watu wa mchana kama wangu wanapunguziwa asilimia 25 hizohizo. Orki wa kawaida anapiga 9 mara mbili, usiku inakuwa 11 mara mbili. Mto unaniponya 8, orki mmoja ananitoa 22, na maorki walikuwa wamejipanga ukingo mzima wananisubiri kama foleni ya bombani. Mdogo wangu akasema hiyo dawa yako ni panado.

Nikatulia nikasoma maelezo ya askari mmoja mmoja (nilipaswa kufanya hivyo tangu mwanzo, najua). Kumbe kundi langu lina nguva, na nguva kwenye maji ana asilimia 60 za kukwepa. Vita ya pili nikawaweka nguva wawili kwenye vijiji vya katikati, wakakaa. Basi. Wanapigwa, wanakwepa, wakiguswa mto unawarudishia 8, dhahabu inaingia, mimi nakunywa maji. Dogo akapaniki, akatuma wenye sumu, kijiji kinaitoa. Akasema hii sio vita hiki ni kituo cha afya, akafunga laptopu akaenda kulala.

Kesho yake akarudi na majibu, na hapa ndo nilipoipenda gemu yenyewe. Nguva wa kuanzia hana silaha ya mbali, ana mkuki wa mkononi tu. Dogo akaleta wapiga mishale wakasogea wakawa wanamtwanga na nguva hana cha kurudisha. Halafu akatanguliza matroli. Troli anajiponya mwenyewe pointi 8 kila zamu popote alipo, hahitaji mto wala nini, mto wake kaubeba mwilini. Kwahiyo mimi nafia maji ya uchawi na jamaa anayapita kama dimbwi la barabarani.

Ramani tumeibadilisha mara nne sasa. Vijiji vya mtoni vimebaki viwili, sehemu moja nimeufinya mto mpaka upana wa kijumba kimoja ili mtu aweze kuvuka kabla giza halijamkuta, na daraja moja nimelifuta maana vita yote ilikuwa inaishia hapo. Kuchora penyewe ni rahisi, unachagua aina ya ardhi unapaka kama rangi, kazi iko kwenye kusawazisha, ukimsogezea mmoja kijiji hata hatua moja mwenzio atakulalamikia wiki nzima.

Kinachoniudhi ni bahati. Kila pigo ni bahati nasibu, na mkishashambuliana huwezi kurudisha nyuma. Kuna siku orki yuko majini, asilimia 80 za kumpata, askari wangu kachoma mara tatu kakosa zote tatu, nikapiga hesabu ni mara 1 kati ya 125, na ilikuwa mechi ya kuamua. Kuna ukurasa wa takwimu unakuonyesha ulitegemewa kuumiza kiasi gani na umeumiza kiasi gani, dogo anapenda kunifungulia huo. Kama wewe ni mtu wa hasira za karibu fikiria mara mbili. Pia mechi ni ndefu, jioni nzima inaondoka na bado mko kwenye ukingo uleule.

Nyota naipa gemu 4 kati ya 5, hiyo moja imebaki na yule askari wa mkuki.

Jana tumeishia pabaya. Kiongozi wangu alijeruhiwa nikamwingiza mwenyewe kwenye kijiji cha mtoni apone, akifa yeye Milki ya Asubuhi imekwisha, nguva mmoja yuko upande wa kushoto, kulia hakuna mtu. Mama akaita, tukasevu. Zamu ni ya dogo na kwenye ramani jua ndo linazama.