Siku tatu za kunyamaza karibu na Karura: tathmini ya mafungo ya watu wa kazi za jamii

Ujumbe wa mwaliko ulitutaka kila mmoja aje na kitu kimoja kutoka mahali anapofanyia kazi, kitu cha kushikika, isiwe picha wala ripoti. Mimi nilibeba gambuti moja ya mguu wa kushoto. Mwenyewe alikuwa mwenzetu katika kikundi cha vijana wanaozoa taka katika mtaa wa Mathare, Nairobi, na mafuriko ya mwishoni mwa Aprili 2024 yalimchukua usiku alipokuwa akiwasaidia majirani kutoa watoto nyumbani. Gambuti hiyo ilibaki katika banda tunakoweka mikokoteni, juu ya rafu, na kwa muda mrefu hakuna aliyethubutu kuivaa wala kuitupa.

Huduma ninayoitathmini hapa ni mafungo ya siku tatu, yaani siku za kujitenga na kutafakari, kuanzia Alhamisi asubuhi hadi Jumamosi jioni, yanayofanyika katika nyumba tulivu kando ya barabara ya Limuru, mwendo mfupi kwa miguu kutoka Msitu wa Karura. Neno mafungo Wakatoliki wanalijua vizuri, lakini haya si ya dhehebu lolote. Yameandaliwa kwa ajili ya wahudumu wa afya ya jamii, viongozi wa vikundi, walimu wa kujitolea, watetezi wa haki na wengine ambao kazi yao ni mitaa na watu wake. Tulikuwa washiriki kumi na wanne na wawezeshaji wawili. Sitaitaja nyumba hiyo wala waandalizi, kwa sababu nina lawama kadhaa za kutoa, na nisingependa lawama hizo zifunike jambo jema walilolianza. Nililipa kutoka mfukoni mwangu, na ninaandika kwa ajili ya wenzangu wanaojiuliza kama inafaa kufanya hivyo.

Anayefanya kazi hii Nairobi anajua inavyokwenda. Mafuriko yale yalipopita, kikundi chetu kilifanya kazi usiku na mchana: tulitafuta mablanketi, tukagawa unga, tukaandikisha familia, na Mei, tingatinga zilipoanza kubomoa nyumba zilizokuwa kando ya mto, tukaanza upya kutafutia watu pa kulala. Kisha tukaandika ripoti. Ripoti ilikuwa na safu ya magodoro, safu ya pakiti za unga na safu ya kaya zilizofikiwa, na kila safu ilijazwa ipasavyo. Mwenzetu hakuwa na safu. Tulihudhuria matanga, tukachanga, tukasindikiza mwili hadi kwao, tukarudi Jumatatu kuzoa taka. Hatukuwahi kuketi sisi kwa sisi tukaulizana kifo kile kimetufanya nini, wala kama kazi tuliyokuwa tukiendelea nayo ilikuwa bado ni ile ile tuliyoianza. Ndani ya mwaka mmoja vijana wanne walikuwa wameondoka kikundini bila kuaga, na waliobaki tulikuwa wakali kwa watu tunaowahudumia. Nilisema ni uchovu.

Siku ya kwanza ilianza kwa sharti ambalo lilinisumbua mwanzoni: hakuna kujitambulisha kwa cheo wala kwa jina la shirika. Kila mtu alitaja mtaa wake, aliyemlea, na kitu alichokuja nacho. Simu zilikusanywa katika kikapu cha kiondo na kuwekwa chumba cha nje. Baada ya hapo tulikaa kimya kwa saa nzima, wengine chumbani, wengine chini ya miti, bila wimbo, bila maneno ya kuongozwa. Kwa mtu aliyezoea semina, ambako kila dakika ina kipengele chake kwenye ratiba na fidia ya nauli husubiriwa mwishoni, saa hiyo ni ndefu mno. Niliitumia nusu yake kupanga kichwani kazi za wiki iliyofuata. Nusu ya pili sikuweza tena kupanga chochote, na hapo ndipo nilipoanza kuelewa kwa nini nilikuwa nimekuja.

Alasiri tuliviweka vitu vyetu juu ya meza moja. Palikuwa na ufunguo wa choo cha umma, filimbi ya refa, daftari la chama lililolowa maji likakauka likiwa limejikunja, na utepe wa plastiki wenye rangi tatu ambao wahudumu wa afya huutumia kupima mkono wa mtoto. Mwenye utepe alikuwa mama wa makamo kutoka Korogocho. Alituonyesha unavyozungushwa katikati ya mkono wa juu: mtoto wa kati ya miezi 6 na 59 akisoma chini ya sentimita 11.5, utepe unaangukia kwenye nyekundu na lazima apelekwe hospitali. Kati ya hapo na 12.5 ni njano. Juu yake ni kijani. Alituzungushia utepe huo kwenye vidole vyetu ili tuone jinsi eneo jekundu lilivyo dogo. Ndipo akasema kuna mtoto mmoja aliyempima akasoma 10.9, akamwandikia rufaa, akamhimiza mama yake, na katika fomu akaweka alama kwenye kisanduku kinachosema mtoto amepewa rufaa. Mama wa mtoto hakuwa na nauli. Siku ya tatu mhudumu huyu alipopita tena alikuta watu wamekaa nje. Akatuambia kwamba fomu yake ya mwezi ule ilikuwa sahihi, hakuna aliyeikosoa, na kwamba tangu siku ile kila anapofungua utepe mikono yake hutetemeka kidogo kabla haijatulia.

Nataka kueleza alichofanya mwezeshaji wakati huo, maana ndicho kilichonifanya niiheshimu huduma hii. Hakufanya lolote. Hakumwambia pole haraka ili tuendelee, hakutoa somo kuhusu afya ya akili, hakumpa karatasi ya kufutia machozi kama ishara ya kwamba sasa anyamaze. Alikaa naye, nasi tukakaa, kwa muda ambao siwezi kuupima kwa sababu sikuwa na simu. Kisha akauliza swali moja tu: je, mama, kuna mtu mwingine yeyote anayejua jina la mtoto huyo? Akasema hakuna, akalitaja, na sisi wote tukalitaja baada yake. Wahenga walisema mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, na nimeyasikia maneno hayo tangu utotoni, lakini jioni ile niliuona mzigo ukishikwa na mikono kumi na sita. Ilipofika zamu yangu, niliweza kuitaja gambuti na mwenyewe bila kugeuza habari kuwa ripoti.

Waandalizi hawadai kwamba wamebuni jambo jipya, na hilo ni sifa kwao. Mwezeshaji wa pili alitukumbusha Paulo Freire, mwalimu wa Brazili aliyefundisha kwamba kutenda bila kutafakari ni kuhangaika tu, na kutafakari bila kutenda ni maneno matupu, na kwamba njia yake ilianza kufundishwa hapa Kenya tangu miaka ya 1970. Alizitaja pia jumuiya ndogo ndogo ambazo maaskofu wa Afrika Mashariki walizipa kipaumbele miaka hiyo hiyo, ambapo majirani husoma Biblia, huulizana maisha yanasema nini, kisha huamua watakachofanya. Kwa hiyo tafakuri katika kazi ya jamii haikuletwa Nairobi juzi na watu wa starehe. Kilichotokea, kwa maoni yangu, ni kwamba muda wa kuulizana ulipunguzwa mwaka baada ya mwaka kwa sababu hauhesabiki, hadi ukabaki kuwa sala fupi ya kufungulia mkutano.

Siku ya pili tuliingia Karura. Nilikuwa nimeshapita humo mara kadhaa na vijana, tukielekea maporomoko ya maji na mapango ya Mau Mau, lakini sikuwahi kutembea humo nikiwa kimya. Tulipofika mahali pa kupumzika, mwezeshaji alisimulia habari za Wangari Maathai, mtetezi wa mazingira, si kwa mtindo wa kuorodhesha tuzo zake, bali kwa kutuuliza nguvu zake zilitoka wapi. Januari 1999 alifika na wenzake kupanda mti katika msitu huu uliokuwa ukigawiwa watu binafsi, wakashambuliwa na walinzi, akapigwa kichwani. Alipofika kituo cha polisi akatia sahihi malalamiko yake kwa damu yake mwenyewe. Agosti mwaka huo huo serikali ilipiga marufuku ugawaji wa ardhi ya umma. Kisha mwezeshaji akaturudisha nyuma hadi Februari 1992, kwa akina mama wa wafungwa wa kisiasa waliogoma kula katika kona ya Bustani ya Uhuru, na Wangari akiwa pamoja nao. Polisi walipowavamia tarehe 3 Machi baadhi yao walivua nguo, laana ambayo kila mtu mzima aliielewa. Akina mama hao walihamia kanisa kuu la All Saints, wakakaa humo karibu mwaka mzima.

Swali aliloliuliza hapo bado ninalo: mwaka mzima katika chumba cha chini ya kanisa, walikuwa wakifanya nini kila siku? Waliimba, waliomba, walisimuliana habari za wana wao, na kabla ya hapo, kule bustanini, watu wasiowajua walifika kueleza hadharani mateso waliyoyapata, mambo ambayo hawakuwahi kumwambia mtu. Sikuwahi kuifikiria historia hiyo hivyo. Nilifundishwa kuwa mgomo ulikuwa shinikizo, na ndivyo ulivyokuwa, lakini kilichowashikilia akina mama hao hadi wengi wa wana wao wakaachiliwa ni kule kukaa pamoja na uchungu wao bila kuufanyia haraka. Kuomboleza kulikuwa ndiyo kazi yenyewe. Nilikaa pale juu ya gogo nikimkumbuka mwenzetu, na nikaona wazi kwamba sisi tulikimbilia magodoro ili tusimlilie.

Sasa lawama. Mafungo yaliyopangwa kupita siku ya Ijumaa, katika jiji lenye Eastleigh, Majengo na South B, hayakuwa na mpango wowote wa swala ya Ijumaa. Ndugu wawili Waislamu ilibidi wajitafutie usafiri kwenda msikitini, wakarudi wakati kikao kizito zaidi cha siku kilikuwa kimekaribia kwisha. Waandalizi waliomba radhi kwa unyofu, lakini jambo hili hufikiriwa kabla ya kupanga ratiba, hasa kwa huduma inayosema inajali roho ya mtu. Jumamosi asubuhi akaja mpiga picha. Alitupiga tukiwa tumefumba macho. Mama wa Korogocho alikuwa ameushika utepe wake, na nilipomwona anainua uso kwa mshtuko wa mlio wa kamera nilihisi kwamba tumerudishwa ndani ya ripoti kwa mlango wa nyuma. Nilisema hivyo mbele ya wote, na picha hizo zikafutwa tukiona. Ningependa isiwahi kuhitajika mtu kusema.

Chakula kilikuwa kizuri na cha kawaida, vitanda safi, maji ya moto asubuhi. Bei ndiyo inayouma: shilingi 9,500 kwa siku tatu, na 4,000 kwa anayejitolea bila mshahara. Kwa mhudumu wa afya ya jamii anayepokea posho ndogo isiyofika kila mwezi kwa wakati, hata hizo 4,000 ni kodi ya nyumba. Wenzangu wengi wanaohitaji siku hizi kuliko mimi hawatafika kwa bei hiyo, wala hawataweza kuacha kibarua cha siku tatu, na nimewaambia waandalizi kwamba mafungo ya siku moja, yaliyofanyika katika ukumbi wa kanisa au madrasa ya mtaani, yangewafikia.

Nilikuwa nimepanga kumalizia tathmini hii hapo na kutoa alama ya wastani. Lakini sehemu ya huduma ambayo sikuitarajia ilikuja wiki nane baadaye. Wawezeshaji walikuwa wameahidi kututembelea mitaani, ahadi ambayo nimeisikia katika kila semina niliyohudhuria, na Jumanne moja saa kumi jioni walifika Mathare, kwa matatu, bila bango na bila kamera. Tuliketi bandani kwetu, juu ya mitungi ya maji iliyogeuzwa, mikokoteni ikiwa imesukumwa ukutani. Vijana walikuwa kumi na mmoja; wawili kati yao ni wale walioondoka, ambao nilikuwa nimewatafuta na kuwaambia tu kwamba tutamzungumzia mwenzetu. Mama wa Korogocho alikuja pia, amebadilisha matatu mbili, kwa sababu alisema gambuti ilimsikiliza naye angependa kuisikiliza.

Hatukuzungumza sana. Kijana mdogo kuliko wote, ambaye usiku ule alikuwa ameshika upande wa pili wa kamba, alisimulia kwa mara ya kwanza jinsi ilivyomponyoka. Hakuna aliyemwambia si kosa lako. Tulikaa naye hadi giza likaingia na jirani akatuletea taa. Mwishoni aliinuka mwenyewe, akaitoa gambuti kwenye rafu, akaifuta vumbi kwa mkono wa shati lake, akaiweka karibu na mlango, mahali zinapokaa zetu zote.