Mganga wa New York na mpwa wangu wa Mabatini

Mimi nasuka mota, yaani zikiungua nazizungushia waya mpya. Banda langu lipo Mabatini, Mwanza, upande wa barabara ambako vumbi la kiangazi huingia hadi kwenye chai. Natanguliza hilo ili ujue anayeisema hii filamu si mtu wa filamu. The Sorcerer's Apprentice nimeitazama mara mbili, na mara zote mbili macho yangu yalikuwa ya fundi aliyeletewa mwanafunzi asiyetaka kufundishwa.

Mara ya kwanza ilikuwa kwenye kibanda umiza, muvi ya kutafsiriwa. Mtafsiri alikuwa na sauti, simnyimi haki yake. Nicolas Cage akimrusha mtu ukutani, jamaa anapandisha mpaka spika inakwaruza na watoto wa mbele wanasimama juu ya benchi. Ila kila Cage alipomkalisha kijana wake chini kumwelekeza, mtafsiri alisema "hapa mzee anampa somo", kisha akanyamaza, akatuachia Kiingereza chao mpaka ngumi zirudi. Nilitoka pale nikidhani nimeona filamu ya kupigana. Kumbe nilikuwa nimerukishwa sehemu yenyewe.

Safari hii imeletwa na mpwa wangu kwenye flashi. Dada aliniletea huyu kijana baada ya matokeo ya kidato cha nne. Alisema tu, "Kaka, mkalishe hapo ajue kitu." Mwenyewe hakuulizwa. Anakuja saa tatu wakati tunafungua saa mbili, simu mkononi, na ukimtuma bisibisi anakuletea koleo. Jumapili moja mvua ikatuzuia bandani, akafungua laptopu yake, akasema, "Mjomba, kuna muvi ina mambo ya umeme." Sijui kama alijua anachonionyesha.

Filamu ni ya mwaka 2010, kazi ya Disney, mwongozaji Jon Turteltaub. Cage ni Balthazar, mmoja wa wanafunzi watatu wa Merlin, mganga mkuu wa hadithi za kale za Waingereza. Merlin anauawa, na Balthazar anabaki na kazi ya kumtafuta mrithi: mtoto ambaye pete ya joka itamkubali kidoleni. Anatafuta zaidi ya miaka 1,000. Anampata New York, kitoto cha miaka kumi kinaitwa Dave, lakini siku hiyohiyo mambo yanaharibika, na wanapoonana tena imepita miaka kumi. Dave sasa (Jay Baruchel) anasoma fizikia chuo kikuu, mwoga, anaongea kama cherehani isiyo na breki, na uganga hautaki kabisa. Anamtaka Becky, msichana aliyempenda tangu darasani, na anataka watu wasimwone kichaa.

Hapo nilicheka peke yangu. Mwenzangu amezunguka dunia miaka elfu kumtafuta mwanafunzi mmoja, mimi wananishushia kwa bodaboda.

Natumia neno mganga kwa makusudi. Mtafsiri wa kibandani alisema "mchawi" filamu nzima, wema kwa wabaya, na watu walicheka. Mimi nimekulia Usukumani, ambako bibi za watu wameuawa kwa sababu ya macho mekundu ya moshi wa kupikia. Neno hilo kwetu lina maiti nyuma yake. Mtu anayemfundisha kijana kuwalinda wengine, tumwite mganga, au nfumu, kwa Kisukuma, kama angekuwa wa kwetu Kisesa.

Sasa somo lenyewe. Dave ana karakana yake chini ya ardhi, kwenye njia ya treni iliyoachwa, na humo amejenga koili za Tesla, mizunguko ya waya ya kupandisha umeme. Niliposikia jina hilo nilivuta kiti. Nikola Tesla alibuni kitu hicho mwaka 1891, na kwa ndani si mbali na ninachokifanya kila siku: koili ya kwanza raundi chache za waya mnene, koili ya pili raundi mamia kwa mamia za waya mwembamba. Siri ni kuzilinganisha mdundo. Ni kama kumsukuma mtoto kwenye bembea: ukisukuma wakati wake, kidogo kidogo anapaa, ukisukuma ovyo unamsimamisha. Zikilingana, umeme wa juu unapanda mpaka unaruka hewani kama radi. Dave anazichezesha zitoe muziki ili amfurahishe Becky, cheche zinaimba wimbo, na wao wawili wamekaa ndani ya kizimba cha chuma ambacho umeme unapita nje yake bila kuwagusa. Hiyo nayo ni kweli, kizimba cha hivyo kinakinga. Mpwa wangu aliirudisha nyuma mara tatu. Hajawahi kurudisha nyuma kitu chochote nilichomweleza.

Balthazar anamwambia kijana kwamba uganga na fizikia ni jambo moja, kwamba moto ni chembechembe za kitu zikitikisika kwa kasi, kwa hiyo zitikise. Hiyo imekaa vizuri. Halafu anaongeza lile la binadamu kutumia asilimia kumi tu ya ubongo, ambalo si kweli; ubongo wote unafanya kazi, hata wa mpwa wangu. Na kuna jambo la viatu. Anamvalisha kijana viatu vya ngozi vyenye ncha, vya kizee, kwa sababu soli ya raba inazuia nguvu isipite mwilini. Waliotunga wanajua umeme basi! Lakini mimi nilisimamisha filamu hapohapo, nikamwambia mpwa wangu: huyu anataka ipite, wewe hutaki. Ukija na viatu vya ngozi kwenye banda langu siku ya mvua, unarudi kwa mama yako.

Sehemu ninayoilipia mimi ni ya mafagio. Becky anakuja, karakana chafu, Dave hana muda. Anayaamuru mafagio na ndoo vifanye usafi vyenyewe, anaenda kuoga. Anachojua ni kuanzisha, kusimamisha hajafundishwa. Anaporudi maji yamejaa, mafagio yanaendelea kumwaga, na zile koili za umeme zipo chumba hichohicho. Mwili ulinisisimka, si kwa uganga. Hadithi hiyo ni ya zamani kuliko filamu: Goethe, mshairi wa Ujerumani, aliitungia shairi mwaka 1797, Mfaransa Paul Dukas akaitengenezea muziki miaka mia baadaye, na mwaka 1940 Disney wakamvalisha Mickey Mouse kofia ya mwanafunzi huyohuyo. Muziki wa Dukas unasikika humu pia. Balthazar anaingia, anakomesha maji, anamkaripia.

Nikamtazama mpwa wangu, naye akatazama pembeni. Mwezi wa tano tuliletewa mota ya fazi tatu ya mashine ya kusaga kutoka Igoma. Nilimwambia ahesabu raundi za kila koili iliyoungua kabla ya kukata, apime unene wa waya kwa maikromita, aandike. Nikaenda mjini kununua vanishi. Yeye akahesabu koili moja, akachoka katikati, zilizobaki akasuka kwa kukisia ili nikirudi nikute kazi imesogea. Akaona ameweza, akaiwasha. Raundi zikipungua umeme unapita mwingi kuliko waya unavyoubeba. Moshi niliuona tokea barabarani. Mwenye mashine alikuwa na wateja wa unga wanasubiri, na waya ule wa kopa nililipa mimi. Hatukuwahi kuizungumza siku hiyo zaidi ya matusi yangu. Tuliizungumza sasa, mbele ya Dave aliyelowa.

Kwa sababu hiyo naikasirikia filamu kwa jinsi inavyokimbia. Mafunzo yenyewe ni vipande vichache, muziki unapigwa, Dave anakosea, anaanguka, anaweza. Kisha tunarudishwa mitaani: tai wa chuma wa jengo la Chrysler anapaa, joka la karatasi la sherehe ya Wachina linakuwa joka la kweli, ng'ombe dume wa shaba wa Wall Street anaamka. Vinapendeza, sikatai, hasa joka. Lakini adui Horvath (Alfred Molina, anayeigiza vizuri kuliko anachopewa) ni mwanafunzi mwenzake Balthazar, na hilo halichimbwi. Sisi tuna Bagika na Bagalu, pande mbili za ngoma zinazoshindana kwa madawa ya kuvuta watu, na mzee yeyote wa Bujora atakueleza usiku kucha nani alimzidi nani na kwa nini. Hawa walikula kwa mwalimu mmoja, na sababu ya kugombana ni mwanamke, imesemwa kwa haraka, basi. Mwanamke mwenyewe, Monica Bellucci, amefungiwa ndani ya mwanasesere karibu filamu nzima. Theluthi ya mwisho ningeweza kuikatia chai.

Watoto wanaweza kuitazama, wadogo sana wataogopa joka. Ukiipata ya kutafsiriwa, tafuta pia yenye maandishi chini, maana masomo ndiyo yanayorukwa. Kwa mizani yangu ni filamu ya wastani yenye dakika thelathini za dhahabu katikati.

Jumatatu mpwa wangu alifika saa mbili na robo, raba miguuni, akauliza kama sisi tunaweza kusuka koili ya Tesla. Nikampa feni iliyoungua. Nilikuwa naunga nyaya za pampu, namsikia nyuma yangu akihesabu kwa sauti. Alipofika sitini na nane simu yake ikaita. Ikaita mpaka ikakata, naye akasema sitini na tisa.