Harina P.A.N. nyeupe, mfuko wa kilo: unga wa arepa kwa chai nzito ya Kikolombia

Nianze na jibu kabisa maana najua wengi hamfiki chini: nunua. Kama unataka kupika nyumbani ile chai ya asubuhi ya watu wa Medellín na mkoa wote wa Antioquia kule Kolombia, ile ya maharage na wali na yai na arepa (mkate bapa wa unga wa mahindi) pembeni, huu mfuko wa njano wenye picha ya mama aliyefunga kitambaa cha madoadoa kichwani utakupunguzia kazi kuliko kitu kingine chochote, na huku Queens, New York, naupata kwa dola tatu mpaka nne hivi, duka lolote la Walatino ukipita Roosevelt Avenue upo tu.

Kabla hamjanijia juu, ndio najua P.A.N. asili yake Venezuela, imeanza huko 1960, na Wakolombia na Wavenezuela wakianza kubishana arepa ni ya nani hapakaliki. Ila Wakolombia wenyewe wanautumia sana kwahiyo mi simo kwenye ugomvi wao.

Cha kuelewa kwanza, hii sio sembe na wala sio dona. Mahindi yake yamekobolewa, yakapikwa, yakakaushwa, ndo yakasagwa, yaani ukifungua mfuko unga umeshaiva, wewe unaongeza maji tu. Ukijaribu na sembe mbichi arepa inapasuka kikaangoni na ndani inabaki unga unga. Na usichanganye na unga wa tortilla wa Wameksiko, ule mahindi yake yanachemshwa na chokaa, una harufu yake kivyake kabisa, na madukani wanaipanga shelfu moja kwahiyo soma mfuko, tafuta neno precocida, yaani umeshapikwa.

Vipimo: kikombe kimoja cha unga, kikombe kimoja na robo cha maji ya vuguvugu, chumvi. Anza na maji na chumvi kwenye bakuli halafu unga unaunyunyizia taratibu huku mkono unakoroga, ukifanya kinyume utapambana na mabonge. Acha dakika tano unyonye maji. Kisha fanya donge dogo libonyeze, kingo zikichanika ongeza maji kidogo, zikibaki laini uko sawa. Arepa ya Antioquia ni nyembamba na nyeupe na haina mbwembwe, wengi huko hawaweki hata chumvi kwenye donge, chumvi inakuja juu na siagi na jibini nyeupe, tofauti na ya Venezuela ambayo ni nene na inapasuliwa katikati kujazwa vitu. Kikaango cha chapati kinatosha kabisa, moto wa kati, mafuta ya kupaka tu, na usigeuzegeuze, iache mpaka ishike ganda yenyewe ndo uigeuze.

Sasa kwa nini nimeupunguzia nusu nyota. Arepa ya mahindi yaliyochemshwa nyumbani yakasagwa na kile kinu cha chuma cha mkono kinachofungwa kwenye kona ya meza ina harufu ya mahindi ambayo unga wa mfuko, wa kampuni yoyote ile, hauwezi kukupa. Mama mmoja jirani yangu hapa, Mpaisa, yaani mtu wa huko Antioquia, alionja zangu akasema ziko vizuri, halafu akasema vizuri kwa za unga. Nimemwelewa.

Lakini jamani arepa ni ya pembeni, mwenye meza ni calentado. Hiki ni kiporo, maharage na wali wa jana, na kama jana hukupika basi leo huna calentado. Maharage yao wanaita cargamanto, makubwa yenye mistari mistari myekundu, ukikosa tumia yoyote makubwa mekundu. Unaloweka usiku, unachemsha na karoti iliyokwaruzwa na ndizi mbichi iliyokatwa vipande vidogo, ile ndizi ndo inafanya mchuzi uwe mzito bila nazi bila chochote. Wao wanatia na mguu wa nguruwe, asiyekula atie mfupa wa ng'ombe wenye nyama, mi ndo nafanya hivyo na sijaona pengo.

Asubuhi unatengeneza hogao, nyanya na majani ya kitunguu kwenye mafuta, chumvi, binzari nyembamba kidogo, moto mdogo mpaka nyanya zilegee zisionekane. Usiwe na haraka hapa, hogao mbichi mbichi inaharibu sahani nzima, uchachu wa nyanya unabaki juu. Halafu unamwaga maharage na mchuzi wake kiasi, wali unafuata, unakandamiza kwenye kikaango na unauacha ukauke mpaka chini pashike rangi, ule ukoko unaogandia chini ndo wanaugombania watu. Yai la kukaanga juu, kiini kibichi. Ndizi mzuzu iliyoiva mpaka ganda lina madoa meusi, kata mshazari kaanga. Wao wanaongeza chorizo, yaani soseji, au chicharrón, nyama ya nguruwe yenye ngozi iliyokaangwa, chorizo ya ng'ombe ipo kwenye maduka ya halali ukitafuta, ila hata bila nyama mtu anashiba mpaka saa nane mchana na sitanii.

Kinywaji hapa sio lazima kahawa. Chokoleti yao ya kunywa inauzwa kwa vipande vigumu, kipande kimoja kikombe kimoja, unachemsha na maziwa au maji kisha unapekecha na kile kijiti chao cha mbao, molinillo, mpaka povu lipande. Na ndio, wanatumbukiza jibini ndani ya kikombe. Bogotá, mji mkuu wao, hasa. Nilikunja uso mwanzoni lakini jibini lenyewe halina chumvi kali, linalainika linavutika unalitoa na kijiko, na pamoja na utamu ule linakubali vizuri sana. Chukua chokoleti isiyo na sukari halafu uichemshe na panela, ambayo ni sukari guru tu ya miwa, ukiikosa duka la Walatino nenda la Wahindi, jaggery yao inafanya kazi ileile.

Changua ya Bogotá, supu ya maziwa na yai na giligilani, mi hapana. Najua kuna watu wanaipenda, mkate mkavu unalowekwa humo na kila kitu, ila maziwa ya chumvi asubuhi niwaachie wenyewe.

Unga wa njano nao upo, ladha karibu sawa, ni wa mahindi ya njano. Huo nauchukua nikitaka arepa ya yai ya pwani yao ya Karibi, inakaangwa kwenye mafuta mengi, inafunguliwa pembeni, yai bichi linamiminwa ndani, inazibwa inarudi kwenye mafuta. Tamu mno ila sio ya siku ya kazi.

Ukishafungua mfuko hamishia kwenye kopo lenye mfuniko, wadudu wanaupenda. Donge likibaki funika na kitambaa kibichi maana linakauka haraka, au choma zote nusu weka friza, zinatoka vizuri.

Na kwa watakaouliza kama unasongeka ugali, unasongeka, ila unanata mkononi na ile harufu ya ugali haipo. Nunua sembe yako.