TAHADHARI: Kadi za grafiki za Kariakoo, nimepigwa mchana kweupe

Mlionicheka Jumamosi kwa ajili ya hii kadi, chekeni mmalize kwanza, maana naandika nikiwa na hasira.

Ile kompyuta yangu mnaijua. Nimeweka gemu ya GTA San Andreas ya 2005, nikibofya inaniambia haioni modi ya video ya 800x600x32, inajifunga. Nikaipiga picha ile meseji nikamtumia jamaa mmoja anayeuza kadi za grafiki, zile zinazotoa picha kwenye skrini, Kariakoo. Akajibu fasta: pawasaplai yako wati ngapi? Windows gani? Sasa tapeli gani anauliza wati? Mimi nikaona huyu fundi. Akasema, “Kaka, kadi yako imechoka. Chukua GTX 1050 Ti ya GB 4, hizo gemu za zamani utazicheza mpaka uzikinai.”

Na wala sikutumiwa kwa basi, nilikwenda kwa miguu yangu. Akaitoa kwenye boksi, nailoni bado haijabanduliwa, akaichomeka kwenye kompyuta yake, akanigeuzia skrini. “Soma mwenyewe kaka.” Nikasoma kwa sauti kama mtoto wa chekechea: GTX 1050 Ti, 4096 MB. Nikahesabu 230,000 hapohapo. Risiti? Kitabu kimeisha, pitia kesho.

Nyumbani, meseji ileile. Nikaweka draiva ya NVIDIA, programu ya kuiendesha hiyo kadi, skrini ikawa nyeusi, mashine ikajizima. Nampigia, yuko msibani. Kesho yake, bado yuko msibani. Tangu Jumatatu kaniblok.

Mpwa wangu wa kidato cha pili ndiye aliyenimaliza. Kaweka programu ya GPU-Z, inayosoma kadi ni ya aina gani, mbele ya jina la kadi pameandikwa FAKE. Ndani mna chipu ya GTS 450, kadi ya 2010 huko, BIOS, yaani programu ya ndani ya kadi, imechezewa itaje jina lisilo lake. Akairudisha kadi yangu “iliyochoka”, akafungua folda ya Documents, ile ya San Andreas User Files, akafuta kifaili kimoja tu, gta_sa.set. Gemu ikawaka. Bure! Kifaili chenyewe kinatunza mipangilio ya gemu, ukikifuta inatengeneza kingine.

Huyu mtu anyang'anywe meza. Awekwe ndani, na akitoka atembezwe Mtaa wa Msimbazi na kadi zake kazivaa shingoni, kila aliyemliza apite amwangalie usoni. Watu tunabana nauli miezi mitatu yeye anauza vyuma chakavu kwenye boksi jipya!

Dalili zilikuwepo. Kadi ilikuwa na tundu la VGA, lile la bluu, na 1050 Ti halisi hainalo. Nililiona, tena nikafurahi kwa sababu monita yangu inatumia hilohilo. Boksi nalo halikuwa na jina la kampuni iliyotengeneza. Ukienda kununua, beba GPU-Z kwenye flashi, akikukatalia kuichomeka, ondoka.

Kesho saa nne narudi na kadi yake mkononi. Nani ananisindikiza?