Temple of the Dog kwenye FLAC: nilitapeliwa kwanza, nikaipata baadaye

Mimi si fundi sauti. Nilichoka tu kusikia matoazi ya Matt Cameron, mpiga ngoma wa bendi ya Temple of the Dog, yakilia kama pakiti ya krispi inayokunjwa. Kwa miaka mingi albamu yao nilikuwa nayo kwa MP3 ya kilobiti 128 kwa sekunde, yaani iliyobanwa mno, imehamia simu hadi simu. Nikasema hii moja niimiliki nzimanzima, maana ya pili haipo. Temple of the Dog walitoa albamu moja tu, na mwimbaji wao Chris Cornell alifariki Mei 2017.

Kwa asiyewajua: Andrew Wood, mwimbaji wa bendi ya Mother Love Bone, alifariki Machi 1990 kwa heroini, umri miaka 24. Cornell wa bendi ya Soundgarden, aliyewahi kuishi naye nyumba moja, akatunga nyimbo mbili za kumlilia, kisha akawaita Stone Gossard na Jeff Ament waliokuwa wakipiga na marehemu. Wakaongezeka Cameron kwenye ngoma na Mike McCready kwenye gitaa. Wakarekodi studio ya London Bridge, eneo la Seattle, kwa siku 15. Kijana aliyekuja kutoka San Diego kufanyiwa majaribio na bendi mpya ya kina Gossard (ndiyo Pearl Jam ya baadaye) akajitosa kuimba sauti ya chini kwenye Hunger Strike. Ndiye Eddie Vedder. Albamu ikatoka Aprili 1991 na wengi wakaipita, mpaka 1992 watu walipogutuka kuwa matanga yale yaliwakusanya Soundgarden na Pearl Jam chumba kimoja.

Turudi kwenye ununuzi. Mara ya kwanza nilinunua faili za FLAC (zinazobana sauti bila kupoteza kitu, tofauti na MP3) kwa muuzaji wa mtandaoni, jina nalihifadhi. Tangazo lilisema sauti kamili ya CD. Folda ilikuwa na zaidi ya MB 300, nikaridhika. Siku ya pili nikafungua wimbo mmoja kwenye programu ya Spek, inayochora masafa ya sauti kwa rangi, nzito chini, nyembamba juu. Chini kumewaka vizuri, lakini kuanzia kilohezi 16 kwenda juu ni giza tii, mstari umenyooka kama umekatwa kwa wembe. Sauti ya CD ina nafasi hadi kilohezi 22. Mkato ule ni alama ya MP3 hafifu: mtu kachukua faili kama lile langu la zamani, kalivalisha kanzu ya FLAC, kaniuzia. FLAC haipotezi kitu, sawa, ila kilichokwisha kupotea hairudishi. Nilidai pesa yangu, kimya hadi leo.

Dawa ikawa CD yenyewe. Nilipata ya kampuni ya A&M ya 1991, iliyotumika, kwa bei ya sahani mbili za biriani. Jalada limekunjika, diski ina mikwaruzo. Laptopu yangu haina pa kuingizia diski, nikaazima kisomeo cha nje kwa shemeji, naye akataka kujua nani bado ananunua CD. Nikatumia programu ya kunakili CD, Exact Audio Copy, ambayo husoma kila kipande zaidi ya mara moja, halafu AccurateRip inalinganisha matokeo na ya watu wengine walionakili diski ileile. Nyimbo tisa kati ya kumi zikakubali, yaani zililingana. Reach Down ikagoma, na ndiyo ndefu kuliko zote, dakika 11 na ushee. Nikaiosha diski kwa maji na tone la sabuni, nikaipangusa kutoka katikati kwenda ukingoni (ukizungusha kitambaa unaongeza mikwaruzo), nikarudia. Ikakubali! Nilipiga kofi peke yangu sebuleni.

Usikilizaji wenyewe? All Night Thing ndiyo iliyonishika: kinanda cha Rick Parashar, mtayarishaji wao, kinapumua nyuma ya Cornell, na mwisho wa kila mstari sauti inafifia taratibu badala ya kukatika. Toleo la 2016, lililochanganywa upya na Brendan O'Brien (yaani sauti na vyombo vimepimwa upya kipi kisikike zaidi), ni safi zaidi na gitaa zimesogea mbele, lakini kwa masikio yangu ule mwangwi wa kanisani umepungua. Mimi nabaki na 1991. Kabla hujalipia toleo lolote, hata la biti 24 linalouzwa kama ubora wa juu kuliko CD, uliza kwanza limetoka kwenye mchanganyo upi.

Wakusanyaji wenzangu watanichukia kwa hili: nilitengeneza MP3 ya kilobiti 320 kutoka diski hiyohiyo, nikajipima bila kujua ipi ni ipi. Mara 16, nikapatia 9. Hiyo ni kubahatisha. FLAC naiweka kwa sababu ni nakala mama. Kwenye simu nasikiliza MP3 na sina aibu.

Albamu nyota tano, diski nne, muuzaji sifuri. Faili zake sijazifuta. Kila mgeni akiniuliza FLAC bandia inafananaje, namfungulia lile giza.